Alexander ya Oliver Stone ina matoleo manne: uangalie lipi?

Kabla hujabonyeza, angalia dakika. Filamu ya Alexander iliyoongozwa na Oliver Stone, ile ambayo Colin Farrell ana nywele za dhahabu na Angelina Jolie anaishi na nyoka chumbani, si filamu moja. Ikiandikwa dakika 175, ulichonacho ni toleo la majumba ya sinema la 2004. Dakika 167 ni toleo la mwongozaji la 2005. Dakika 214 ni lile la 2007, ambalo Stone alilitangaza kuwa la mwisho. Na dakika 206 ni la 2014, lililokuja baada ya hilo la mwisho. Waigizaji ni walewale, mabango yanafanana, na wanaoiuza au kuiweka mtandaoni mara nyingi hawajisumbui kukueleza umepewa lipi. Saa ndiyo itakayokuambia.

Niseme msimamo wangu mapema ili mwenye haraka aondoke nao: la 2007 ndilo la kuangalia, ila kwa mtu anayemjua Alexander Mkuu, mfalme wa Makedonia ya kale, walau juujuu. Asiyemjua kabisa asianze na Stone. Aanze na filamu nyingine, nitaitaja chini.

Sababu zinahitaji maelezo, kwa kuwa kinachotofautisha matoleo haya si urefu tu. Ni namna wakati ulivyopangwa.

Kwa nini maisha haya hayasimuliki kwa mstari ulionyooka

Tuliosoma fasihi sekondari tunakumbuka miundo mitatu ya hadithi: msago, yaani moja kwa moja, rejeshi, inayoanzia mbele na kurudi nyuma, na rukia, inayobeba visa viwili na kuruka kutoka kimoja hadi kingine. Mfano safi wa msago kumhusu Alexander uko katika Biblia ya Wakatoliki. Kitabu cha Kwanza cha Wamakabayo kinafungua naye: anatoka nchi yake, anampiga Dario, mfalme wa Uajemi, anafika miisho ya dunia, anaugua, anawagawia maofisa wake ufalme, na kufikia mstari wa saba ameshakufa baada ya kutawala miaka 12. Imetosha.

Kwa mtu wa sinema haitoshi, na shida iko kwenye tarehe zenyewe. Alexander alizaliwa 356 K.K. Vita vya Gaugamela, vilivyomvunja Dario moja kwa moja, vilipiganwa Oktoba 331 K.K., naye akiwa na miaka 25. Alikufa Babeli Juni 323 K.K., miaka 32. Maana yake adui mkubwa anatoka jukwaani mapema, na miaka karibu minane iliyobaki ni kutembea, kuzingira ngome za milimani, ugomvi wa walevi, askari wanaotaka kurudi kwao, na homa. Ukiisimulia kama ilivyotokea, filamu inafika kileleni katikati, halafu inateremka hadi mwisho.

Pia kuna baba. Filipo wa Pili ndiye aliyelitengeneza lile jeshi lenye mikuki mirefu, akauawa 336 K.K., kabla mwanawe hajavuka kwenda Asia. Katika msago, mtu anayevutia kuliko wote baada ya stelingi mwenyewe anakufa kabla safari haijaanza. Jibu la Stone katika matoleo yote ni kukizuia kifo hicho. Filipo, anayechezwa na Val Kilmer kwa jicho moja na kicheko kibaya, anauawa karibu na mwisho wa filamu, wakati mwanawe tayari yuko India. Swali ni jinsi kila toleo linavyokubebesha huo mzigo hadi ufike huko.

La 2004: nusu ya kila kitu

Toleo la sinema linaanza Babeli, mfalme yuko kitandani, pete inamdondoka mkononi. Kisha tunahamishwa miaka 40 mbele hadi Aleksandria, ambako Ptolemaio mzee, jemadari wa Alexander aliyekuja kuwa mfalme wa Misri, anayechezwa na Anthony Hopkins, anamsimulia mwandishi wake habari zote. Kutoka hapo tunapewa utoto kwa mkupuo mmoja: mama na nyoka zake, Aristotle na darasa la ramani, kumfuga farasi Bucephalus, pango lenye michoro ambako Filipo anamwonyesha mtoto jinsi miungu inavyowatesa mashujaa, karamu ya harusi ambako baba na mwana wanaachana kwa matusi. Ni msago kabisa, na ni mzuri.

Halafu Hopkins anaingia kati. Kwa maneno machache anatuambia Filipo ameuawa, Alexander amekuwa mfalme, nchi hii imetekwa na ile imetekwa, na tukifumbua macho tuko Gaugamela. Miaka mitano imepita mdomoni mwa mzee. Mtazamaji anabaki na swali la wazi, nani alimuua baba na mwana alijua nini, na filamu inakaa nalo zaidi ya saa nzima bila hata kukohoa.

Hopkins hapa anafanya kazi ya yule mtafsiri wa kibanda umiza: "sikilizeni, huyu mnayemwona ni fulani, hapa tumesogea mbele." Tofauti ni kwamba mtafsiri wetu anaongea kwa kuwa filamu iko katika lugha nyingine. Hopkins anaongea kwa kuwa mhariri ameacha mashimo.

Swali linajibiwa India. Tuko kwenye karamu, mvinyo umepanda vichwani. Cleitus, yule aliyeuokoa uhai wa mfalme vitani, anasimama kumkumbusha Alexander mbele ya watu kwamba yeye ni mtoto wa Filipo, wala si wa mungu Zeu. Wanavutwa huku na huku. Mfalme ananyakua mkuki na kumchoma. Kisha filamu inakata na kurudi miaka kadhaa, hadi kwenye ukumbi wa michezo kule Makedonia: Filipo anaingia akiwa amevaa nyeupe, amewakataza walinzi wasimsogelee, na mlinzi wake mwenyewe, Pausanias, anamjia na kisu.

Huo ndio mpangilio bora kuliko wote katika filamu. Mtu amemuua aliyekuwa kama baba yake, na ndipo tunaonyeshwa jinsi alivyompoteza baba na kupata kiti siku hiyohiyo. Tukio lililokuwa la kisiasa linageuka kuwa la dhamiri, bila mtu kusema neno. Lakini katika toleo la 2004 linakuja kama ajali. Filamu imekuwa ikienda mbele kwa muda mrefu, macho yameshazoea njia, na mruko mkubwa kama huu unakukuta hujajiandaa. Wengine wanafikiri wamekosa kipande.

Filamu iligharimu karibu dola milioni 155 na ndani ya Marekani ikakusanya milioni 34 hivi. Kelele nyingi za wakati ule zilikuwa za lafudhi ya Kiayalandi ya Wamakedonia, nywele za Farrell, na mapenzi kati ya Alexander na rafiki yake Hephaistion. Kwa macho yangu hayo yalikuwa madogo. Ugonjwa ulikuwa kwenye mpangilio: ilitaka kuwa rukia ikaogopa, ikajificha ndani ya msago.

La 2005: lipite

Stone alitoa dakika 17 akarudisha 9. Ni fupi zaidi, na mtu aliyelipata kwa bei rahisi hajapoteza kitu, ila dawa ya filamu hii haikuwa kufupisha. Ukiwa nalo pekee, angalia. Ukiwa na uchaguzi, liache.

La 2007: rukia bila woga

Hapa mwongozaji alirudi na kila alichopiga cha maana, akaipasua filamu katika sehemu mbili zenye mapumziko katikati, na akafanya jambo ambalo studio isingelikubali 2004: aliitoa Gaugamela katikati akaiweka karibu na mwanzo. Pete inadondoka, Ptolemaio anaanza kusimulia, na mara vumbi. Utoto haujafika. Mama hujamwona na nyoka zake. Unamwona kijana mwenye miaka 25 anaongoza wapandafarasi kuvunja jeshi kubwa kuliko lake, huku tai anazunguka juu, na humjui ni nani.

Kwa karatasi inaonekana ni upumbavu kumaliza vita vikubwa mapema hivyo. Kwenye kioo inafanya kazi, kwa sababu swali limebadilika. Katika 2004 ulikuwa unasubiri kuona kama atashinda. Katika 2007 ameshashinda, sasa unauliza kwa nini haridhiki, na hilo ndilo swali lenye uzito katika maisha ya huyu mtu. Kuanzia hapo filamu inapokezana: mashariki, Pella mji wa kwao, mashariki, Pella. Barua za Olympias zinamfuata mwanawe kambini, sauti ya mama inasikika juu ya milima ya Asia, na kila tunaporudi nyumbani utotoni tunarudi na jambo tuliloliona mbele. Mruko haukushtui kwa sababu ndio mwendo wa filamu tangu dakika za mwanzo. Ukifika kwa Cleitus na Filipo, mwili umeshazoea kuruka, na pigo linaingia linapotakiwa.

Hata Hopkins anapona. Maneno yake mengi ni yaleyale, lakini sasa hazibi mashimo. Anakuwa mzee anayekumbuka, na kumbukumbu za mzee haziji kwa mstari.

Gharama zipo. Kwanza, majina. Cassander, Antigonus, Parmenion, Philotas, Ptolemaio kijana: ndevu nyingi, kofia za vita nyingi, na toleo hili halikutambulishi kwa utaratibu. Kama humjui hata Dario ni nani, utapotea kabla ya mapumziko. Pili, muda: saa 3 na dakika 34. Ziangalie usiku mbili, simama pale mapumziko yalipowekwa. Tatu, damu ya vitani ni nyingi zaidi, usiku wa harusi na Roxana hauna shuka, na Bagoas, towashi wa Kiajemi, ana nafasi kubwa kuliko mwanzo. Si filamu ya kuweka sebuleni wakwe wakiwepo.

La 2014 ni hilihili lililopunguzwa. Stone aliona kwamba 2007 aliongeza kupita kiasi, akakata dakika kama 8. Mtu aliyekosa la 2007 achukue hili bila kinyongo. Mimi nabaki na la 2007 kwa kuwa ule mlundikano wenyewe unamfaa Alexander, mtu ambaye hakujua kusimama.

Usichanganye kuruka kwa wakati na kuhamisha matukio

Hili linawahusu wanafunzi na walimu hasa. Filamu isiyokwenda moja kwa moja inaweza kuwa ya kweli kabisa, na inayokwenda moja kwa moja inaweza kuwa ya uongo. Stone anafanya mambo mawili kwa wakati mmoja, na mtazamaji hupata shida kujua lipi ni lipi.

Kuweka kifo cha Filipo baada ya kifo cha Cleitus ni kuruka tu. Filamu inakuambia wazi kwamba tumerudi nyuma. Lakini kumuua Cleitus India ni kuhamisha. Aliuawa Maracanda, ambayo leo ni Samarkand nchini Uzbekistan, mwaka 328 K.K., kabla jeshi halijafika India. Vilevile Cleitus kumwokoa mfalme: ilitokea mto Granicus mwaka 334 K.K., katika pambano la kwanza kubwa upande wa Asia. Stone ameimeza Granicus, ameimeza pia vita vya Issus, akayatapika yote ndani ya Gaugamela. Na vita vya tembo msituni, ambapo rangi zote zinageuka nyekundu mfalme anapopigwa mshale, vinaunganisha pambano la mto Hydaspes dhidi ya Poro, mfalme wa India, na jeraha ambalo Alexander alilipata baadaye kwenye ngome ya Wamali, kabila la India ya kale. Tena pambano la Hydaspes lilipiganwa kando ya mto uliofurika, si kati ya miti ya Thailand walikokwenda kupiga picha.

Mwanahistoria Robin Lane Fox wa Oxford alikuwa mshauri wa filamu, na malipo aliyoyataka ni kupanda farasi kwenye mashambulizi ya Gaugamela. Akapanda. Kwa hiyo si kwamba hawakujua. Walijua, wakaamua vita vitatu haviingii kwenye filamu moja. Sina ugomvi na uamuzi huo, ila usiuandike kwenye mtihani.

Halafu kuna Ptolemaio mwenyewe. Ptolemaio wa kweli aliandika historia ya Alexander. Imepotea, lakini mwanahistoria Arrian aliitumia karne nyingi baadaye, akijitetea kwamba mfalme kama Ptolemaio angeona aibu zaidi kusema uongo kuliko mtu wa kawaida. Stone anaichezea hoja hiyo vizuri sana. Mwishoni mzee anakiri kwa mwandishi wake jambo zito kuhusu kifo cha Alexander, kisha anamwambia alitupe hilo na aandike kwamba ni homa. Ghafla unajiuliza kila ulichoonyeshwa kimechujwaje. Kama mzee amechagua cha kuandika, basi na mpangilio wa wakati ni wake, na Filipo anakufa mwishoni kwa sababu mzee huyu aliona ndipo panapomfaa kufa. Katika 2004 ukiri huu unapita kama kichekesho cha mzee aliyechoka. Katika 2007, baada ya saa tatu za kumbukumbu zinazorukaruka, unauma.

Anayetaka iliyonyooka

Robert Rossen alimfanyia Alexander filamu mwaka 1956, Richard Burton akiwa ndiye mfalme na Fredric March akiwa Filipo. Ni msago mtupu, saa mbili na ushei, imepigwa Hispania. Utaona lile tatizo nililolisema kwa macho yako: March anameza karibu nusu ya filamu, na akishauawa, ushindi wa Asia unakimbizwa kama ratiba ya basi lililochelewa. Inazeeka, hotuba ni ndefu. Lakini ukiimaliza utamjua Filipo, Olympias, Parmenion, Cleitus na Dario kwa mpangilio wao, na hapo 2007 inafunguka. Kwa asiyemjua Alexander kabisa, hii kwanza, Stone wiki inayofuata.

Wanaopenda vipindi wataonyeshwa pia ule mfululizo wa Netflix wa 2024, vipindi 6, unaochanganya maigizo, wataalamu wanaoongea, na mwanaakiolojia Calliope Limneos-Papakosta akichimba Aleksandria ya leo. Unarukaruka nao, ila ni kuruka kwa darasani: mtu anaigiza, mtaalamu anafafanua. Unafaa kwa majina na ramani. Kwa hisia, hapana.

Mshindi mwingine, mruko mwingine

Kama kinachokuvuta ni ufundi wenyewe wa kuvunja wakati, na si Alexander, basi toka Makedonia uende China. Hero ya Zhang Yimou ya 2002 inamhusu mfalme wa Qin, yule aliyeunganisha China mwaka 221 K.K. na kujiita mfalme mkuu wa kwanza. Ina saa moja na dakika 40 tu. Jet Li anaingia ikulu akidai ameua wauaji watatu waliokuwa wakimwinda mfalme, na kwa kuwaua anaruhusiwa kusogea karibu: kutoka hatua 100 hadi 20, kisha hadi 10. Anasimulia, na simulizi yake ni nyekundu. Mfalme anaikataa na kusimulia aliyoyakisia yeye, na hiyo ni ya buluu. Kisha ukweli, mweupe, na ndani yake kumbukumbu ya kijani. Nguo, mapazia, hata majani yanakueleza uko wapi, hivyo hata mtoto hapotei. Na kati ya hao wawili kuna safu za taa ambazo miali yake inayumba, naye mfalme anaisoma nia ya mgeni humo.

Hapa wakati haurudi nyuma ili kueleza nafsi ya mshindi kama kwa Stone. Unarudi kwa sababu mtu anadanganya na mwingine anamkamata. Ndiyo maana Hero ni rahisi kufuata kuliko Alexander ingawa imevunjwa zaidi: kila mruko una mwenyewe, aliyeuleta na anayeupinga, wameketi wakitazamana.

Kinachonikera ni siasa yake. Ukifika mwisho, mfalme anayemwaga damu anaonekana ni mtu wa amani asiyeeleweka, na ule mpangilio mzuri umetumika kukufikisha hapo bila kupiga kelele. Wengi wamelisema hilo, na nakubaliana nao. Dawa yake ni filamu ya Chen Kaige ya 1998, The Emperor and the Assassin, kuhusu mfalme huyohuyo na jaribio la kweli la muuaji Jing Ke la mwaka 227 K.K., la kisu kilichofichwa ndani ya ramani. Ina saa 2 na dakika 42 na haiendi popote ila mbele. Mfalme anaanza akiahidi kwamba vita vyake ni vya kuleta amani, na tukio baada ya tukio anaiacha ahadi hiyo, hadi kwa watoto wa dola ya Zhao. Kuoza kwa mtu hakutaki kurukwarukwa. Ukikata katikati unampa nafasi ya kujisafisha. Ukizipata zote mbili, tanguliza hii, maana ukianza na Hero utamkuta huyu mfalme ukiwa umeshamsamehe.